Tarehe ya Ajira Haihami

Niliripoti kazini Malindi Jumatatu, tarehe 2 Februari 1998, nikiwa na sanduku la nguo, godoro lililofungwa kamba, na bahasha ya kaki yenye barua ya uhamisho. Mvua za El Niño zilikuwa zimeiharibu barabara ya Garsen, mabasi ya Lamu hayakuwa na uhakika, na aliyepewa tarehe ya kuripoti alitafuta chombo cha baharini. Kaskazi ilikuwa ikivuma. Tulishuka nayo hadi Malindi, mimi na kaka yangu, maana nyumbani kwetu Langoni, Lamu, hakuna aliyeridhia niende peke yangu.

Ndani ya bahasha ile mlikuwa na karatasi moja tu. Faili langu, lenye kila barua niliyopewa tangu nilipoajiriwa, lilibaki masjala ya Lamu likisubiri kutumwa. Mimi mwenyewe nilikuwa karani wa masjala, kwa hiyo nilijua utaratibu: faili la mtumishi ni siri, halikabidhiwi mwenyewe mkononi, husafiri ofisi kwa ofisi. Nikaliacha bila wasiwasi wowote.

Halikufika.

Ofisi niliyopelekwa ikanifungulia faili la muda. Afisa aliyenipokea alinijazia fomu kwa kuniuliza maswali huku simu ikilia na watu wamepanga foleni mlangoni. Jina, tarehe ya kuzaliwa, cheo. Alipofika penye tarehe ya kuingia katika daraja nililokuwa nalo, hakuniuliza. Aliandika 2/2/98, siku ile ile niliyokuwa nimesimama mbele yake na chumvi ya bahari bado iko kwenye buibui. Sikuiona. Ningeiona nisingeuelewa uzito wake, na hilo naliandika kwa uchungu kwa sababu kazi yangu ilikuwa karatasi.

Ninaandika makala haya kwa ajili ya watumishi wa serikali wanaopewa barua za uhamisho kila mwaka, hasa hapa kwetu ambako kuhama ni kuvuka maji. Watu hutuuliza sisi wastaafu maswali mengi kuhusu mshahara na vyeo baada ya kuhama. Karibu yote hurudi kwenye tarehe.

Mtumishi ana tarehe tatu, na watu wengi huzichanganya. Ya kwanza ni tarehe ya ajira ya kwanza, siku uliyoingia utumishini. Yangu ni 3 Juni 1991. Ya pili ni tarehe ya kuingia katika daraja ulilonalo sasa. Wakati ule yangu ilikuwa 1 Julai 1995, nilipopandishwa. Ya tatu ni mwezi wa nyongeza, ule mwezi ambao kila mwaka mshahara wako wa msingi hupanda ngazi moja mpaka ufike kileleni mwa daraja.

Kila tarehe ina kazi yake. Ile ya kwanza ndiyo inayohesabu malipo ya uzeeni. Ile ya pili ndiyo inayoamua ukongwe. Barazani, mtu akisema fulani ni mkongwe kazini, huwa ana maana kwamba ameanza zamani. Utumishi hauhesabu hivyo. Kati ya watu wawili wa daraja moja, mkongwe ni yule aliyetangulia kuingia katika daraja hilo. Aliyeajiriwa 1985 akafika daraja hilo 1999 yuko nyuma ya aliyeajiriwa 1992 akalifikia 1996. Wakiwa wameingia siku moja, hutazamwa nani alikuwa mbele katika daraja la chini yake. Kwa hiyo tarehe moja ikikosewa, mtu hushuka kwenye orodha bila yeyote kumshusha, bila kesi na bila barua ya onyo.

Uhamisho wa kikazi wa kutoka kituo hadi kituo, chini ya mwajiri yule yule na katika daraja lile lile, hauzigusi tarehe hizo hata moja. Mtumishi huhama na daraja lake, ngazi yake ya mshahara, mwezi wake wa nyongeza na nafasi yake kwenye orodha. Hiyo si hisani ya mkubwa wa ofisi mpya. Aliyehamishwa kutoka Lamu kwenda Malindi hakuajiriwa upya Malindi.

Nilikuja kuyajua haya mwaka 2009. Mwaka huo serikali ilipandisha umri wa kustaafu kutoka miaka 55 hadi 60, na kila ofisi ikawa inahakiki kumbukumbu za watumishi wake. Orodha ikabandikwa ubaoni. Nilisogea nikatafuta jina langu mahali nilipodhani liko, silioni. Nikashuka na kidole. Nililikuta chini ya majina matatu ya watu niliowafundisha mimi kufungua rejista ya barua, wasichana wawili na kijana mmoja, wote wazuri na wote wadogo zangu kazini. Walikuwa wamepandishwa wakati mimi nasubiri. Miaka yote ile nilidhani ni bahati, au ni mkubwa wangu hanipendi. Kumbe wanaopandisha walikuwa wakisoma orodha, na orodha ilisema mimi ni wa 1998.

Likaja baya zaidi. Kumbukumbu zilipohamishwa kutoka kwenye karatasi kuingia kwenye kompyuta ya mishahara, aliyeingiza data alikuta sehemu ya tarehe ya ajira ya kwanza iko tupu kwenye faili langu la muda. Akaijaza kwa tarehe pekee aliyoiona. Kwa mujibu wa mashine, nilizaliwa utumishini tarehe 2 Februari 1998. Miezi 80 ya kazi yangu Lamu haikuwapo popote.

Hebu nipige hesabu hii polepole, kwa sababu ndiyo inayowaamsha watu. Chini ya Sheria ya Pensheni, mtumishi wa kudumu aliyebaki chini yake (hakuingia mfuko wa kuchangia ulioanza 2021) akitimiza miaka 10 na zaidi hupata, kwa kila mwezi kamili wa utumishi, sehemu moja ya 480 ya mshahara wake wa mwisho wa mwaka. Ukigawanya kwa miezi 12, inakuwa mshahara wa msingi wa mwezi ukigawa kwa 480, kisha ukizidisha kwa idadi ya miezi uliyotumika. Tuchukue mtu anayestaafu na mshahara wa msingi wa shilingi 48,000. Gawa kwa 480, unapata shilingi 100. Yaani kila mwezi aliofanya kazi, hata ule mwezi mmoja wa 1993 alioumwa malaria akaenda ofisini hivyo hivyo, unamletea shilingi 100 kila mwezi wa uzee wake. Ukimfutia miezi 80 umemfutia shilingi 8,000 kila mwezi mpaka siku atakayozikwa. Na hapo sijataja kwamba mshahara wa mwisho wenyewe ungekuwa mkubwa zaidi kama angepandishwa kwa zamu yake.

Nilimwendea wakili mmoja. Swali lake la kwanza lilikuwa: kosa lilitokea lini? Nikamwambia 1998. Akaweka kalamu chini. Sheria ya Ajira ya 2007 inampa mtu miaka 3 ya kupeleka dai lake mahakamani, na pale ambapo madhara yanaendelea, miezi 12 tangu yalipokoma. Alinishauri nisianze na mahakama. Nitafute ushahidi wa maandishi, nidai kurekebishiwa kumbukumbu ndani ya utumishi wenyewe. Namshukuru kwa ushauri ule kwa sababu angeweza kula pesa zangu.

Nikaomba likizo ya siku tano, nikapanda basi kurudi Lamu. Nikashukia Mokowe, gati ya upande wa bara, nikavuka.

Masjala yetu ya zamani ilikuwa imehama chumba. Mafaili ya watumishi waliohama yalirundikwa stoo ya nyuma, upande unaopigwa na upepo wa bahari, na unyevu ulikuwa umeyashika mpaka pini za kubania zimeota kutu na kuacha alama za hudhurungi kwenye kila ukurasa. Mzee aliyenifundisha kazi mwaka 1991 alikuwa amebakiza miezi michache kustaafu. Nikamsalimu, "Sabalkheri, Ami." Akaitikia, akanitazama, akauliza habari za nyumbani mmoja mmoja mpaka wote wakaisha, ndipo nikamweleza shida.

Hakwenda kutafuta faili. Alikwenda kabatini akatoa rejista ya barua zinazotoka ya mwaka 1998, daftari kubwa lenye jalada jeusi, akalamba kidole akafunua. Februari. Machi. Hapo kwenye mstari mmoja wa Machi, kwa hati yake mwenyewe, palikuwa na namba ya faili langu, na kwenye safu ya kupelekwa aliandika kwamba limerudishwa kwa sababu gari halikupita Garsen. Hakuna mstari mwingine baada ya huo. Faili langu halijawahi kuondoka Lamu mara ya pili. Lilikuwa stoo, miaka 11, mita chache kutoka tulipokuwa tumeketi.

Tulilipata siku ya tatu. Barua ya ajira ilikuwepo, ya kuthibitishwa kazini ilikuwepo, na ya kupandishwa 1 Julai 1995 ilikuwepo, imeliwa na mchwa pembeni lakini tarehe ni nzima. Nililia pale pale stoo. Ami aliniacha nikalia, kisha akaniambia, "Sasa tuzitoe nakala, zigongwe muhuri, uende nazo leo hii. Usingoje tutume."

Marekebisho yalichukua muda. Niliandika barua, nikapeleka nakala zilizothibitishwa, nikajibiwa kwamba suala langu linashughulikiwa, nikaandika nyingine. Ilipofika mwaka 2011 tarehe zangu zote zilikuwa zimerudi mahali pake. Nikalipwa malimbikizo ya nyongeza kadhaa. Vyeo vilivyonipita havikurudi. Nafasi iliyokwisha kujazwa huwezi kumtoa mtu aliyemo ukaingia wewe, na wala nisingetaka atolewe, hakukosa yeye. Nilistaafu 2023 daraja moja chini ya mahali ambapo, kwa hesabu yangu, ningefika. Hilo nimelibeba na bado ni zito.

Yapo yanayopotea kwa haki, na ni lazima niyaseme kwa sababu watu huyagombania wakaacha ya maana. Posho za mahali hufuata mahali. Lamu inahesabiwa na serikali kuwa eneo la mazingira magumu, na mtumishi aliye huku hulipwa posho yake. Ukihamishiwa Mombasa, posho hiyo inakatika mwezi huo, na hakuna sheria iliyovunjwa. Posho ya nyumba nayo hupimwa kwa mji: mtu wa daraja lile lile aliye Nairobi hupewa zaidi ya aliye mji mdogo, na akihama huhama kiwango. Posho ya kukaimu, ile asilimia 20 ya mshahara wa msingi, ni ya kiti unachokikalia kwa muda. Ukihamishwa umekiacha kiti.

Jirani yetu mmoja wa Mkomani alihamishwa hivyo kwenda Mombasa. Alikuwa amechukua mkopo benki na mwingine kwenye sako, yote miwili imepimwa kwa mshahara wenye posho ya mazingira magumu ndani yake. Mwezi wa kwanza Mombasa, kodi ya nyumba ikapanda na posho ikashuka kwa wakati mmoja. Sheria hairuhusu makato yapite theluthi mbili ya mshahara, kwa hiyo sako ikakosa sehemu ya pesa zake, wadhamini wake wakaanza kupigiwa simu. Wadhamini wenyewe ni wenzake wa Lamu. Urafiki wa miaka 20 ukaingia doa kwa ajili ya mstari mmoja kwenye karatasi ya mshahara, peislipu kama tuiitavyo. Alikuja kwangu akitaka kushtaki. Nikamwambia ukweli: posho hiyo hairudi. Nikamwuliza kama mshahara wake wa msingi umeguswa. Akasema hajaangalia. Tukaangalia pamoja: haukuguswa, lakini mwezi wa nyongeza ulikuwa umesogezwa kutoka Oktoba hadi mwezi aliofika kituo kipya. Hilo ndilo lilikuwa dai lake, na alilipata.

Yupo pia anayestahili posho ya uhamisho akaikosa kwa kutodai. Mtumishi anayehamishwa na mwajiri kwa mahitaji ya kazi hustahili mshahara wa msingi wa mwezi mmoja pamoja na gharama za kusafirisha mizigo na jamaa zake. Aliyeomba kuhama mwenyewe hapati. Kwetu gharama hizo si ndogo: mizigo hubebwa na punda au mkokoteni mpaka gatini, ikapandishwa mashua, ikashushwa Mokowe, ikapakiwa gari. Wengi huhama kwa pesa za kukopa. Baada ya shambulio la Mpeketoni la Juni 2014, watumishi wengi kutoka bara waliomba kuondoka Lamu, na ninaelewa kabisa walivyohisi. Ila niliwaona waliondoka kwa haraka bila barua ya kuachiliwa wala cheti cha malipo ya mwisho. Cheti hicho ndicho kinachomwambia mlipaji mpya ulikuwa unalipwa nini, umefika ngazi gani, unakatwa nini, na ulilipwa mara ya mwisho lini. Bila hicho mlipaji hana njia ya kukulipa, au hukulipa kwa kukisia. Usivuke maji bila nakala yake.

Sasa niingie kwenye uhamisho mkubwa kuliko yote niliyoiona, ambao hakuna mtu aliyebeba godoro. Tarehe 9 Agosti 2013, kazi nyingi za serikali kuu zilikabidhiwa serikali za kaunti: zahanati na hospitali za wilaya, kilimo, maji, na mengine yaliyotajwa kwenye Jedwali la Nne la Katiba. Sisi watumishi tulilala wa serikali kuu tukaamka wa kaunti, kwenye viti vile vile. Wasiwasi ulikuwa mkubwa. Desemba mwaka huo wahudumu wa afya waligoma nchi nzima, na moja ya sababu ilikuwa hii ya mishahara yao kupelekwa kaunti.

Wachache walijua kwamba sheria ilikuwa imelifikiria jambo hilo. Kifungu cha 138 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya mwaka 2012 kinasema kwamba afisa aliyeajiriwa na Tume ya Utumishi wa Umma na aliyekuwa akihudumu katika kaunti atahesabiwa ameazimwa kutoka serikali kuu, na kwamba masharti yake ya kazi, yaani mshahara, posho, pensheni na mafao mengine, hayatabadilishwa kwa hasara yake. Kubadilishwa kwa faida yake inaruhusiwa. Ni maneno machache na yana nguvu kubwa. Juu yake kuna Kifungu cha 236 cha Katiba, kinachokataza afisa wa umma kufukuzwa, kuondolewa au kushushwa cheo bila kufuata sheria. Niliyaandika maneno haya kwenye karatasi nikayabandika ndani ya mlango wa kabati langu, na mwenzangu mmoja akaja kuyanakili, kisha mwingine.

Mambo yalikuwa magumu hata hivyo, kwa sababu katika ukumbi mmoja tulijikuta watu wa aina tatu. Tulikuwepo sisi wa serikali kuu. Walikuwepo waliotoka mabaraza ya miji na wilaya, yale 175 yaliyovunjwa, wenye mikataba yao ya chama cha wafanyakazi na viwango vyao vya mshahara. Kisha wakaja walioajiriwa na bodi ya utumishi ya kaunti. Nilimjua mama mmoja msafishaji aliyetoka baraza la mji ambaye mshahara wake ulimpita karani wa kaunti aliyekuwa akimwandikia zamu. Karani aliona ameonewa. Mama naye aliona anachukiwa kwa haki yake ya miaka 24. Sikumlaumu hata mmoja wao. Ni tabu ya kuunganisha nyumba tatu chini ya paa moja bila kwanza kukaa na kupanga vyumba. Na hao wa mabaraza walikuwa na jeraha lao: mabaraza mengi yalikuwa yakiwakata michango ya pensheni bila kuipeleka kwenye mifuko, na deni hilo likarithiwa na kaunti. Kuna wazee waliostaafu wakakuta miaka imo kwenye faili, pesa hazimo kwenye mfuko.

Na ugatuzi ulileta swali jipya ambalo zamani halikuwepo. Zamani Lamu na Malindi vilikuwa vituo viwili vya mwajiri mmoja. Leo Lamu ni kaunti, Malindi iko kaunti ya Kilifi, na kila kaunti ni mwajiri wake. Muuguzi anayetaka kuvuka kutoka moja kwenda nyingine habadilishi kituo, anabadilisha mwajiri. Hapa ndipo ninapoona watu wakiumia siku hizi.

Binti mmoja wa Faza aliajiriwa uuguzi na serikali kuu mwaka 2006. Akafanya kazi visiwani, zamu za usiku, wajawazito wanaoletwa kwa mashua na bahari imechafuka. Mwaka 2017 alitaka kumfuata mumewe aliyekuwa akifanya kazi kaunti nyingine ya Pwani. Katika ofisi moja aliyokwenda kuuliza aliambiwa njia ni rahisi: ajiuzulu, kisha aombe nafasi ikitangazwa. Akaja kwangu na barua ya kujiuzulu ameshaichapa, inasubiri sahihi. "Mama, nitie sahihi?"

Nikamwambia, "Mwanangu, iweke kwanza hiyo kalamu."

Mtumishi wa kudumu mwenye pensheni chini ya Sheria ya Pensheni akijiuzulu, hupoteza pensheni ya miaka aliyotumika. Miaka 11 ya binti yule ingebaki Faza. Na hata angeajiriwa upya kesho yake, angeingia daraja la chini, nyuma ya vijana waliotoka chuoni mwaka jana. Anachohitaji mtu kama huyo ni kuhamishwa utumishi, si kujiuzulu. Mwajiri mpya anakubali kwa barua kumpokea katika daraja lake, mwajiri wa zamani anakubali kwa barua kumwachilia, na siku ya kuacha huku na ya kuanza kule zinagusana bila hata siku moja ya pengo katikati. Pengo la siku moja linaweza kuhesabiwa kuwa utumishi umekatika.

Tuliketi kwenye mkeka tukaandika barua upya. Tukaanza na faili lake. Alikuwa hana nakala ya barua ya kupandishwa daraja Julai 2014, na ofisi ikawa inamzungusha. Nikamwambia aombe kwa maandishi chini ya Sheria ya Kupata Habari ya 2016, inayompa kila raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, na inayoitaka ofisi ijibu ndani ya siku 21. Barua ilipotaja sheria hiyo, nakala ilipatikana kabla ya wiki mbili kwisha.

Upande wa kupokelewa ulichukua muda mrefu zaidi. Jibu la kwanza lilisema atapokelewa, lakini ukongwe wake katika daraja utahesabiwa tangu siku atakayoripoti. Niliposoma mstari ule mwili wangu ulipata baridi. Ni tarehe yangu ya 1998 ile ile, safari hii imeandikwa kwa kukusudia. Akaandika kuomba sababu kwa maandishi, ambayo ni haki yake chini ya Kifungu cha 47 cha Katiba. Nikamweleza pia kwamba uamuzi kuhusu utumishi wa kaunti unaweza kukatiwa rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90, kwa mujibu wa Kifungu cha 77 cha ile Sheria ya Serikali za Kaunti, na kwamba hata mahakama ya ajira iko karibu siku hizi, inakaa Malindi. Sikutaka afike huko. Nilitaka azihesabu siku 90 tangu tarehe iliyo kwenye barua, asije akaambiwa kama nilivyoambiwa mimi. Alichukua kalenda ya ukutani, akaizungushia duara siku ya tisini.

Wakati huo mumewe alikuwa akimpigia simu kila usiku kumwuliza kwa nini asijiuzulu tu waishi pamoja. Watoto walikuwa wawili. Nilijua ninachomwomba avumilie, kwa hiyo nilimpigia hesabu ile ya 480 mbele ya mumewe, kwenye simu, na shilingi zake mwenyewe. Hakuuliza tena.

Rufaa haikuhitajika. Siku ya sabini na kitu walimjibu.

Alinitumia picha ya barua hiyo kwa simu, nikaikuza kwa vidole viwili kwa sababu macho yangu si yale ya masjala tena. Posho ya mazingira magumu haimo, na hakuitarajia. Posho ya uhamisho haimo, kwa kuwa aliomba mwenyewe. Daraja ni lile lile, ngazi ya mshahara ni ile ile, mwezi wa nyongeza Julai. Aya ya tatu inasema utumishi wake utahesabiwa bila kukatika tangu ajira ya kwanza, 2006, na kwamba ameingia katika daraja lake Julai 2014.

Alivuka Mokowe Jumapili moja asubuhi. Barua zote, za asili kwenye mfuko wa plastiki ndani ya mkoba wake, nakala moja kwa mamake huko Faza, na nakala nyingine iko hapa kwangu Langoni, kwenye kabati, pembeni ya zangu.